Sumu Isiyokufa: Nasaha kwa Nyumba Zetu za Kilosa

Katika lugha yetu liko neno moja ambalo twalitumia kwa mambo mawili yaliyo mbalimbali kama usiku na mchana. Neno hilo ni dawa. Mama anapomnywesha mwanawe kijiko cha maji ya kikohozi husema anampa dawa. Na baba anapotoka alfajiri na bomba mgongoni kwenda kwenye nyanya zake husema anakwenda kupiga dawa. Cha kwanza kimetengenezwa ili kiponye, na cha pili kimetengenezwa ili kiue. Lakini kwa kuwa vyote viwili twaviita kwa jina moja, nyoyo zetu zimetulia, na mikono yetu imezoea kuvishika kwa namna moja. Chupa ya hicho cha pili huwekwa juu ya kabati karibu na sukari. Na dumu lake likiisha huoshwa, likapelekwa kisimani.

Haya twayaandika tukiwaelekea hasa ndugu zetu wa Chanzuru, na wale wa Ilonga, Rudewa, Msowero na vijiji vingine vilivyo katika njia itokayo Kilosa kwenda Dumila. Hiyo ni nchi ya wakulima. Jirani na Chanzuru ndipo kilipo kituo cha utafiti wa kilimo cha Ilonga, kilichoshughulika na pamba tangu zama za ukoloni, hata mbegu za pamba za IL74 na IL85 zikachukua herufi zake katika jina la mahali hapo. Na pamba, kama ajuavyo kila aliyewahi kuilima, ni zao lenye maadui wengi. Funza huitoboa vitumba vyake, na wadudu wengine huifyonza majani. Na mkulima asiponyunyizia aghlabu huvuna mabua. Kwa miaka mingi katika nchi yetu silaha ya mkulima wa pamba ilikuwa DDT, na baadaye endosalfani. Siku hizi pamba imepungua, na mahali pake pamekuja mahindi, mpunga, nyanya, vitunguu na mboga; lakini bomba halikuondoka mgongoni.

Basi si makusudi yetu kumlaumu mkulima. Mtu ambaye ada ya shule ya wanawe imo ndani ya robo eka ya nyanya hawezi kukaa akitazama wadudu wakiila. Makusudi yetu ni kueleza tofauti ambayo haikuelezwa vya kutosha: kwamba miongoni mwa sumu ziko zinazoua kisha zikafa, na ziko zinazoua na zenyewe zisife. Hizi za pili ndizo tutakazozizungumza.

TABIA TATU ZA SUMU HIZI

Wataalamu wamezikuta sumu hizi zina tabia tatu, na mwenye kuzifahamu hizo tatu amefahamu jambo lote.

Tabia ya kwanza ni kudumu. Mbolea ya ng'ombe ikitupwa shambani huoza, ikawa udongo. Jani la mgomba hali kadhalika. Vijidudu vya ardhini, jua na mvua huvila na kuvivunja vitu vyote alivyoviumba Mwenyezi Mungu, navyo vikarudi katika asili yake. Lakini sumu hizi zimeungwa na wanadamu kwa namna ambayo vijidudu hivyo havijui pa kuanzia. DDT iliyomwagwa ardhini yaweza kukaa miaka kumi na zaidi, na inapovunjika huzaa kitu kingine kiitwacho DDE, ambacho hudumu kuliko mzazi wake.

Tabia ya pili ni kupenda mafuta. Sumu hizi haziyeyuki vyema katika maji, bali huyeyuka katika mafuta. Kwa hiyo ziingiapo katika kiwiliwili cha samaki, cha kuku, cha ng'ombe au cha mwanadamu, hazitoki kwa mkojo kama vitokavyo vitu vingine. Huenda zikajificha katika shahamu, zikakaa humo. Kesho zikiingia nyingine huongezeka juu ya zile za jana. Dagaa hula vijimea vyenye sumu kidogo, samaki mkubwa akala dagaa elfu, na mwewe wa mtoni akala samaki mia. Kila anayekula hurithi akiba ya wote waliomo tumboni mwa aliyemla. Na mwisho wa mlolongo huo ameketi mwanadamu na sahani yake. Katika Ulaya na Marekani, katika miaka ya 1950 na 1960, tai na vipanga walianza kutaga mayai yenye maganda membamba, yakavunjika chini ya mama zao. Hakuna aliyewapiga ndege wale kwa bomba. Walikula tu waliokula.

Tabia ya tatu ni kusafiri. Katika nchi za joto kama yetu sumu hizi hupanda na mvuke, zikachukuliwa na upepo, zikashuka penye baridi. Ndiyo maana katika miaka ya 1980 wataalamu walipopima maziwa ya akina mama wa kabila la Inuit, waishio katika barafu ya kaskazini mwa Kanada, waliyakuta yana sumu hizi kwa wingi kuliko maziwa ya akina mama wa mijini kusini, ilhali kwao hakuna kiwanda wala shamba. Waliipata katika nyama ya nyangumi na ya sili, ambayo ndiyo chakula chao.

Na kwetu sisi upepo si mjumbe wa peke yake. Tunao mto. Mkondoa hupita Kilosa ukateremka katika mbuga za Mkata, maji yake yakaingia Wami, na Wami hufika baharini baina ya Bagamoyo na Saadani. Wakazi wa Kilosa hawajasahau mafuriko ya Desemba 2009 na Januari 2010, mto ulipovunja kingo zake, ukang'oa reli, na maelfu ya watu wakakosa makazi. Maji ya namna hiyo hayachagui: huingia katika ghala na katika choo, katika shamba lililonyunyiziwa na katika kisima, na huchukua udongo wa huyu akauweka kwa yule. Kilichomwagwa Chanzuru si cha Chanzuru peke yake.

JINSI ILIVYOTUFIKIA

Insafu yataka tuseme pia wema wa kitu tunachokionya. DDT iliundwa kwa mara ya kwanza mwaka 1874 na mwanakemia aitwaye Othmar Zeidler, lakini haikujulikana kazi yake mpaka mwaka 1939, Paul Müller wa Uswisi alipogundua kuwa yaua wadudu. Mwaka 1948 alipewa Tuzo ya Nobel, na watu hawakumwonea ajabu, kwa kuwa dawa yake ilikuwa imekwisha kuokoa watu wengi na homa ya chawa na malaria. Katika nchi zetu, kuanzia mwaka 1955 hadi 1959, nyumba za Upare na Taveta zilinyunyiziwa dieldrini, ambayo ni ndugu wa DDT, na vifo vya watoto wachanga vikapungua. Unguja na Pemba nazo zilinyunyiziwa hadi mwaka 1968, malaria ikashuka sana. Kazi ilipoachwa, ugonjwa ukarudi. Mwenye kusema kuwa DDT haikuwa na faida yoyote hakusoma historia.

Lakini faida ya kitu haifuti madhara yake. Mwaka 1962 bibi mmoja wa Kimarekani, Rachel Carson, mtaalamu wa viumbe wa baharini, alitoa kitabu chake Silent Spring, akakusanya humo ushahidi wa yanayowapata ndege, samaki na watu. Wenye viwanda walimshambulia kwa maneno makali, lakini ushahidi ulisimama, na mwaka 1972 Marekani ikaikataza DDT katika kilimo. Nchi nyingine tajiri zilifuata. Na hapo ndipo lilipozuka jambo la kusikitisha: kilichokatazwa kule hakikwisha kule. Kilikuwa kingali ghalani, na chenye kukimiliki alitafuta pa kukipeleka.

Mfano wake tunao hapa hapa nchini. Mwaka 1986 shamba la serikali la Vikuge, wilayani Kibaha, lililokuwa likilima majani ya mifugo, lilipokea shehena ya dawa za wadudu kutoka Ugiriki kwa jina la msaada. Nyingi kati ya dawa hizo zilikuwa zimekwisha pitwa na muda wake. Ziliwekwa katika banda lisilo na kuta za maana. Banda likaanguka, mifuko ikapasuka, mvua ikanyesha. Wataalamu walipopima udongo wa mahali hapo miaka mingi baadaye, waliikuta DDT ingalipo kwa wingi mno, na majani yameshindwa kuota. Zawadi iliyotolewa siku moja imekuwa deni la vizazi.

Wala Vikuge haikuwa peke yake. Mamia ya tani za dawa zilizopitwa na wakati zilikutwa katika maghala ya vyama vya ushirika na ya serikali katika mikoa mingi. Ulipoanzishwa mwaka 2005 mpango wa kusafisha akiba hizo katika Afrika, Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi saba za mwanzo. Sumu ya namna hiyo haizikwi wala haichomwi kwa kuni. Sharti itiwe katika mapipa maalumu na kuchomwa katika matanuri yenye joto kubwa mno. Kuinunua ni rahisi. Kuiondoa ndiyo ghali.

Mataifa nayo yalikusanyika mjini Stockholm mwaka 2001, yakaandika mkataba wa kuzikomesha sumu kumi na mbili za namna hii, na DDT ikaachiwa kazi moja tu, kupambana na mbu wa maradhi pale ambapo hapana njia nyingine. Tanzania iliukubali mkataba huo mwaka 2004. Tangu hapo orodha imerefuka: lindani iliingizwa mwaka 2009, endosalfani mwaka 2011, na mwaka 2025 klopirifosi, ambayo wakulima wetu wengi waijua, ingawa mataifa yamepewa ruhusa ya muda kwa baadhi ya matumizi yake.

TWAHARA NA USALAMA

Sasa tuingie nyumbani, kwani huko ndiko kwenye jambo lenyewe.

Waislamu ni watu wa maji. Mara tano kwa siku twatia udhu, na mtoto wetu hufundishwa mapema kutofautisha maji yafaayo na yasiyofaa. Mafakihi wametufundisha tuyatazame maji kwa mambo matatu: rangi yake, utamu wake na harufu yake. Hiyo ni elimu njema, na yatosha kwa kazi yake, ambayo ni kujua kilicho najisi. Lakini sumu tunayoizungumza aghlabu haina rangi katika maji, wala utamu, wala harufu. Dumu la dawa laweza kuoshwa mara saba likapendeza, na maji yaliyomo yakawa masafi machoni, puani na ulimini, na bado yakawa yamebeba kitu kilichojipenyeza katika plastiki yenyewe.

Basi tuseme wazi: twahara ni jambo moja, na usalama ni jambo jingine. Na sheria yetu imeyajua yote mawili, kwani wanavyuoni wamesema kuwa kitu chaweza kuwa twahara na bado kikawa haramu kukila, kwa ajili ya madhara yake. Na sumu ndiyo mfano walioutoa. Kwa hiyo asijitetee mtu kwa kusema, "Tumelisafisha." Swali si kama limesafishwa. Swali ni kama linadhuru.

Kosa hilo la kudhani kuwa kuosha kwatosha limekwisha ua watu katika nchi za ndugu zetu. Katika majira ya baridi ya mwaka 1971 na 1972, Iraki iliagiza ngano ya mbegu iliyotiwa dawa ya zebaki ili isiharibiwe na ukungu. Ngano hiyo ilipakwa rangi nyekundu ili watu wajue si ya kuliwa, na maneno ya onyo juu ya magunia yaliandikwa kwa lugha za kigeni. Wakati wa kupanda ulikuwa umepita, na nyumbani njaa imeingia. Watu waliiosha ngano ile, rangi ikatoka, wakadhani sumu imetoka pamoja nayo. Waliioka mikate. Watu 6,530 walilazwa hospitalini, na 459 kati yao walifia huko.

Kabla ya hapo, katika miaka ya 1950, kusini mashariki mwa Uturuki, watu walikula ngano ya mbegu iliyotiwa sumu nyingine, heksaklorobenzini, ambayo sasa imo katika orodha ya Stockholm. Maelfu waliugua maradhi ya ngozi yaliyodumu maisha yao. Watoto wachanga hawakula mkate ule. Walinyonya tu kwa mama zao waliokula. Wengi walikufa.

Tunamwomba kila mzazi wa Kilosa ayatie mambo haya mawili moyoni. Mbegu ya mahindi iliyopakwa rangi ya waridi au ya kijani iliyobaki baada ya kupanda si ya kusaga, si ya kuwapa kuku, na si ya kumpa jirani mwenye shida. Hata njaa ikibisha hodi.

MAZIWA YA MAMA

Hapa hapana budi tuseme neno la tahadhari, lisije likafahamika vibaya. Ni kweli kuwa sumu hizi, kwa kuwa zapenda mafuta, huingia katika maziwa ya mama. Na mtoto wa kwanza ndiye apokeaye sehemu kubwa ya akiba ambayo mama aliikusanya tangu utotoni mwake. Wataalamu wamezihusisha sumu hizi na saratani, na kuvurugika kwa homoni zinazoongoza ukuaji wa mtoto, na udhaifu wa kinga ya mwili. Mwaka 2015 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani liliihesabu lindani kuwa ni msababishi wa saratani, na DDT kuwa yamkini ni msababishi.

Lakini asiwepo mama atakayemwachisha mtoto ziwa kwa kusoma haya. Madaktari wamekubaliana kuwa faida za maziwa ya mama zimeyashinda madhara hayo, na chupa ya maziwa ya unga iliyochanganywa na maji ya kisima yasiyochemshwa huua watoto wengi zaidi. Mungu amemfanyia mtoto riziki yake kifuani mwa mama, na ametaja miaka miwili kwa mwenye kutaka kutimiza. Kulilinda ziwa si kulinyima. Ni kumlinda mwenye ziwa. Mama mjamzito na mama anyonyeshaye asichanganye dawa, asibebe bomba, asifue nguo za aliyetoka kunyunyizia pamoja na nepi za mtoto. Hiyo ni haki yake juu ya mumewe, wala si hisani.

HOJA YA BABU ZETU

Wako watakaosema: "Babu zetu walishika DDT kwa mikono, wakaitia katika mahindi, wakaishi miaka themanini." Hoja hii twaisikia kila mahali, na yastahili jibu.

Sumu isiyokufa haiui kama nyoka auavyo. Yafanana zaidi na mchwa katika boriti. Nyumba husimama, rangi yake yang'aa, na wageni huisifu. Na siku ikianguka, watu husema ni upepo. Yule babu aliyeishi miaka themanini twamwona. Lakini mimba zilizoharibika, na mtoto aliyezaliwa na kasoro, na uvimbe uliotokea kifuani mwa shangazi akiwa na miaka arubaini, hayo tuliyaita kwa majina mengine au tukanyamaza. Hatusemi kuwa kila maradhi yametokana na dawa. Twasema kuwa aliyeokoka si ushahidi wa kutosha juu ya wasiookoka.

Wako pia watakaosema: "Bila dawa hizo tutashindwa na mbu." Zanzibar imewajibu. Kuanzia mwaka 2006 nyumba zake zilinyunyiziwa dawa za jamii nyingine, zisizodumu kama DDT, pamoja na vyandarua na tiba bora, na malaria ikashuka mpaka chini ya asilimia moja ya watu. Na huko Uganda, mwaka 2008, DDT iliponyunyiziwa majumbani katika wilaya za Apac na Oyam, wanunuzi wa pamba isiyotumia dawa walilalamika na jambo likafika mahakamani, kwani wakulima walihofu kupoteza soko lao. Sumu hii hudhuru mfuko pia, si mwili tu. Tulikwisha kuonja hayo sisi wenyewe mwaka 1999, pale nchi za Ulaya zilipokataa samaki wa Ziwa Victoria kwa sababu wako wavuvi waliomwaga dawa ziwani ili wawapate kwa urahisi. Tamaa ya wachache iliwafungia riziki maelfu ya wavuvi wa Tanzania, Kenya na Uganda.

BIASHARA NA AMANA

Hapa twataka kusema na wafanya biashara. Yajulikana habari ya Mtume, rehema na amani zimshukie, alipotia mkono wake katika chungu ya nafaka sokoni akaukuta umajimaji chini yake, akamkemea muuzaji aliyeficha ubovu. Nafaka ile ilikuwa imenyeshewa tu. Basi itakuwaje kwa anayepiga dawa nyanya Jumatano jioni, akazichuma Alhamisi asubuhi, akaziuza zikiwa zinang'aa? Au kwa anayewanyunyizia samaki wakavu dawa ya nzi ili wapendeze? Kila dawa imeandikiwa siku za kungoja kabla ya kuvuna. Siku hizo ni haki ya mnunuzi, na kuzipunguza ni ghishi hata kama mizani ni sawa.

YATUPASAYO KUTENDA

Mawaidha yasiyo na kazi ni upepo. Basi twataja machache ambayo kila nyumba yaweza kuyaanza juma hili.

Kwanza, dumu la dawa lisiwe la maji kamwe, wala la mafuta ya taa, wala la pombe ya jirani, wala la maziwa. Likiisha, lisuuzwe mara tatu, na maji ya kusuuza yamwagwe ndani ya bomba yakanyunyizwe shambani, si mtoni. Kisha litobolewe, ili asipatikane wa kulitamani.

Pili, kitambulisheni kitambaa cha rangi kilicho chini ya karatasi ya chupa. Chekundu ni hatari kubwa, cha manjano hufuata, kisha buluu, kisha kijani. Lakini jueni kuwa rangi hiyo husema juu ya sumu inavyoua leo, haisemi juu ya inavyodumu. DDT yenyewe kwa kipimo hicho haikufika nyekundu. Ilihesabiwa katika daraja la manjano. Kwa hiyo jina la dawa lisomwe pia, na bwana shamba aulizwe. Dawa isiyo na karatasi, au iliyopimwa katika chupa ya soda dukani, isinunuliwe.

Tatu, ukikuta unga wa kale katika ghala la marehemu, mweupe au wa kijivu, usiuzike, usiuchome, wala usiutie katika mahindi kwa kuujaribu. Ufunike, uwazuie watoto, na umpe habari mtendaji wa kijiji na bwana shamba, ili ifikishwe kwa Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu au kwa Baraza la Mazingira.

Nne, taka za plastiki zisichomwe uani. Moshi wa baadhi ya plastiki huzaa dioksini, ambayo ni katika jamaa za sumu hizi, nayo hushuka juu ya mchicha na kuku wenu wenyewe. Wala msinunue mafuta ya kukaangia yasiyojulikana yatokako. Mafuta ya transfoma yamewahi kuibwa na kuuzwa kwa wakaanga chipsi, na transfoma za zamani zilitiwa sumu iitwayo PCB. Huko Japani mwaka 1968 sumu hiyo iliingia katika mafuta ya kupikia, na watu zaidi ya elfu wakaugua, wengine mpaka uzee wao.

Tano, zikumbukeni njia nyepesi. Mahindi yaliyokaushwa vyema yakafungwa katika mfuko usiopitisha hewa hukaa bila unga wowote, kwani dumuzi hufa kwa kukosa pumzi. Mwarobaini umejaa katika nyua zenu, na maji ya majani na mbegu zake huwafukuza wadudu wengi wa mboga. Pareto ya nyanda zetu za juu huua wadudu, nayo huvunjwa na jua kwa muda mfupi. Lakini si kila kitokacho katika mti ni salama: wazee waliujua utupa uwauao samaki, wakauheshimu. Kubadilisha mazao na kuondoa masalia shambani hupunguza funza bila senti moja.

Enyi vijana, ninyi ndio mnaobeba bomba sasa, na ninyi ndio mnaojua kusoma maandishi madogo ambayo baba zenu hawakusomewa. Yasomeni kwa sauti nyumbani. Mkiwa na shule, ombeni mwalimu awaeleze. Mkiwa na msikiti, mwombeni imamu aitaje habari hii siku ya Ijumaa. Vaeni nguo ndefu, zibeni pua na mdomo, msinyunyizie upepo ukiwaelekea, na ogeni kabla ya kumpakata mdogo wenu.

Ardhi ya Chanzuru waliilima waliotutangulia, na wataihitaji ambao hawajazaliwa. Sisi tumekaa katikati, na tumepewa amana. Siku tutakapoulizwa juu ya neema tulizopewa, maji yatakuwamo, na udongo utakuwamo, na afya ya watoto wetu itakuwamo. Basi anayesoma haya na aanze leo kwa jambo moja lililo karibu: atoke uani, alitazame dumu lililo karibu na mtungi, na ajiulize limetoka wapi. Akijua kuwa lilikuwa la dawa, alitoboe kabla ya kuingia Magharibi.

Mwenyezi Mungu atupe taufiki ya kulinda alichotuamini, na azikinge nyumba zetu na madhara yaonekanayo na yasiyoonekana. Amin.